Walipoinua Godoro la Bi Zamuda

Shakira ndiye aliyewakaribisha watu wa filamu. Ilyasi, mumewe, alikataa tangu mwanzo. Alisema kazi yake ni kushona, si kujieleza, na kwamba amefika umri huu bila kumwomba mtu amwone kuwa mwema. Lakini Shakira hakumwacha. Alimwandama mezani, alimwandama kitandani, hata akiwa anapiga pasi suruali za wateja alikuwa akimrudia na maneno yale yale.

"Huyu binti ana nia njema, Baba Shamimu. Anataka kuwaonyesha watu kwamba lile neno ni la uongo."

Neno lenyewe lilikuwa mswahili. Kigali, ukishamwita mtu mswahili huna haja ya kumwongezea tusi: umeshasema ni mjanja, ni mwongo, ana mkono mwepesi. Na wanaoitwa hivyo ni Waislamu. Pale Kimisagara, mtaa wao, Shakira alikuwa amelisikia tangu yuko shuleni, likitupwa kwa mzaha na wakati mwingine si kwa mzaha.

Ariane, aliyekuwa akitengeneza hiyo filamu ya hali halisi, hakuwa Mwislamu. Wazazi wake walirudi Rwanda kutoka Mwanza, na kwao waliendelea kuongea Kiswahili, Kiswahili kilichonyooka kuliko cha Shakira mwenyewe.

"Na hakuna hata siku moja mtu aliyetuita waswahili," alimwambia Shakira walipoonana mara ya kwanza, ameketi kwenye kiti cha wateja na kikombe cha chai ya maziwa mkononi. "Baba yangu akiongea Kiswahili ofisini, watu wanasema amesoma. Wewe ukiongea sokoni, wanashika mifuko yao. Kuna kitu hakiko sawa, mama. Ndiyo maana nataka kuifanya kazi hii."

Shakira alimpenda kwa maneno hayo. Usiku ule ule alimaliza kumlainisha mumewe.

*

Siku ya mwisho ya kupiga picha walichelewa kufika. Walikuwa wameanzia Kibagabaga, nyumbani kwa Profesa Mutsinzi, mtu mwenye jina, ambaye angezungumza katika filamu juu ya historia ya kudharauliwa kwa Waislamu. Walishuka Kimisagara jua likiwa utosini. Ilyasi alikuwa ametoka msikitini, bado amevaa kanzu, na Manzi, kijana mpiga picha, akaisimamisha kamera pembeni ya chumba cha kazi juu ya miguu yake mitatu. Wakatoka kwanza na kamera ndogo kupiga picha za barabara na ngazi za mtaani. Waliporudi, Manzi alitaka kupiga mikono ya Ilyasi kwa karibu, jinsi anavyopitisha uzi kwenye tundu la sindano.

Akafungua kifuko cheusi. Akakifunga, akakifungua tena. Kisha akalimwaga begi zima sakafuni.

"Lensi ndefu haiko."

"Angalia kwenye gari," Ariane alisema.

Manzi akaenda, akarudi mikono mitupu, jasho limemtoka.

"Ilikuwa hapa. Mimi nakumbuka niliiweka hapa," alisema, akionyesha meza ya kukatia vitambaa. Lakini macho yake hayakuwa mezani. Yalikuwa kwenye kikapu cha vipande vya nguo kilichokaa chini ya cherehani ya Ilyasi.

Shakira aliyaona macho hayo na hakuyaelewa. Alipiga magoti akaanza kuwasaidia, akipapasa chini ya kabati mpaka mkono ukajaa vumbi. "Itaonekana tu, wanangu," alikuwa akisema. "Itaenda wapi?"

"Mama," Ariane alimwita kwa sauti ya upole mno, ile ambayo watu huongea nayo mbele ya mgonjwa. "Tulipokuwa nje, hakuna mtu aliyeingia hapa?"

"Nani aingie? Tulikuwa sisi tu."

"Ninyi tu."

"Sisi tu," Shakira alirudia, na hapo ndipo alipolisikia jibu lake mwenyewe. Aliinuka polepole, akijifuta vumbi kwenye kanga.

"Ile lensi si yetu, tumeikodi," Ariane aliendelea. "Bei yake ni ya pikipiki mpya. Sasa, kama kuna mtu aliichukua kuiangalia tu, hakuna shida. Airudishe. Hatutakasirika."

Mguu wa Ilyasi ulisimama juu ya cherehani.

"Nani hatakasirika?" aliuliza.

Shakira akageuka kumtafuta Manzi, amwambie aangalie tena begi lake, akakuta Manzi hayumo. Alikuwa ameshatoka. Aliporudi alikuwa na Nsabimana, mkuu wa isibo, jirani anayesimamia zile nyumba chache za upande wao na ambaye suruali yake ya kitambaa ilikuwa inaning'inia ukutani ikisubiri zipu. Nyuma ya Nsabimana walikuja wengine ambao hawakuitwa. Mlango ukajaa.

"Mzee, mimi sina shida na wewe," Nsabimana alisema, akikuna shingo. "Lakini hawa watu kitu yao imepotea, na wanasema imepotea hapa. Sasa mimi nifanye nini? Nataka amani tu."

Ilyasi alisimama. Aliwatazama wote mmoja mmoja, akamalizia kwa Ariane.

"Nyumba ni hii," alisema. "Pekueni."

Alilisema neno hilo kama mwenye nyumba anavyomwambia mgeni achukue kuku wote waliomo bandani, akijua mgeni ana adabu na atakataa. Shakira alijua hivyo. Aliishi na mtu huyu miaka mingi, alijua anapotoa kitu ili kipokewe na anapokitoa ili kirudishwe. Naye alimgeukia Ariane, akingoja. Binti huyu aliyekunywa chai yao. Binti aliyesema kuna kitu hakiko sawa. Sasa hivi angesema, hapana mzee, tafadhali, hatuwezi.

Ariane alitazama viatu vyake.

"Samahani sana, mzee," alisema. "Ni kuondoa wasiwasi tu."

Na Manzi akachuchumaa, akatia mkono kikapuni.

Shakira alibaki amesimama, akiangalia vipande vya vitenge vikitolewa kimoja kimoja na kurushwa sakafuni. Walipomaliza kikapu wakahamia kabatini. Wakapekua nguo za wateja, wakaingia chumba cha kulala, wakafungua sanduku la nguo zake, na Manzi alipofika kwenye nguo zake za ndani alizisogeza kwa ncha ya rula ya kushonea, kama anayesogeza uchafu. Huenda ilikuwa heshima. Shakira hakuweza kujua.

Kikabaki chumba cha nyuma, cha Bi Zamuda, mama yake Ilyasi, ambaye tangu miguu imkatae hatoki kitandani ila kwa kubebwa. Aliposikia miguu ya watu akatabasamu. Alikuwa ameahidiwa kwamba naye atapigwa picha.

"Mmefika kwangu?" alisema. "Subirini nijifunge ushungi wangu vizuri."

Walimngoja. Vidole vyake vilivyokakamaa vilihangaika na kitambaa, akakiweka sawa juu ya paji la uso, akakibana chini ya kidevu, kisha akainua uso wake na kuutuliza, tayari.

"Bibi, tunaomba uinuke kidogo," Manzi alisema.

Nsabimana na Shakira wakamnyanyua, wakamkalisha juu ya kiti. Miguu yake mitupu ikawa inaning'inia. Manzi akainua godoro. Chini yake kulikuwa na karatasi ya nailoni, na vile vitambaa ambavyo Shakira humbadilishia mama mkwe wake usiku, ambavyo Ilyasi mwenyewe hajawahi kuonyeshwa. Harufu ikatoka. Watu waliokuwa mlangoni wakarudi nyuma hatua moja.

"Mnatafuta nini?" Bi Zamuda aliuliza. "Shakira, hawa wanatafuta nini kwangu?"

Waliporudi chumba cha kazi, Ilyasi alikuwa amesimama katikati, mikono ameinyanyua juu.

"Nimebaki mimi," alisema.

"Ah, mzee, hapana, si lazima," Nsabimana akasema.

"Maliza kazi yako," Ilyasi akamwambia Manzi.

Na Manzi, ambaye angeweza kuwa mwanawe, akapitisha mikono juu ya ile kanzu nyeupe, kutoka kwapani mpaka kwenye vifundo vya miguu. Hakupata kitu. Mlangoni, katikati ya wale watu, Shakira alimwona Spéciose, kiongozi wa kwaya ya kanisa moja la Gatsata. Alikuwa amekuja na vipimo vya wanakwaya wake, ambao Ilyasi alikuwa awashonee sare. Macho yao yalikutana, na Spéciose ndiye aliyetangulia kuyaondoa.

*

Kesho yake asubuhi Spéciose alirudi, hakuketi.

"Mama Shamimu, nimekuja kuchukua kile kitambaa cha sare."

"Lakini tumeshaanza kupanga namna ya kukata."

"Najua. Ni kamati." Alitazama ukuta. "Mimi mwenyewe sina neno. Unajua wanakamati walivyo. Wamesema tungoje kwanza mambo yatulie."

"Mambo gani, Spéciose? Wametafuta, hawakuona kitu. Wewe ulikuwepo."

"Nilikuwepo," Spéciose alikubali. Kisha akasema jambo ambalo bila shaka hakukusudia liume. "Lakini na wao hawawezi kutafuta hivyo bila sababu."

Shakira alikikunja kitambaa kile, jora zima la kitenge cha buluu, akamfungia kwa utepe. Alimsaidia hata kukipandisha begani. Baadaye alijiuliza kwa nini alimsaidia.

Ilyasi alikuwa kwenye cherehani yake, na cherehani haikuwa na nguo. Alikuwa anakanyaga tu, gurudumu likizunguka. Shakira akaketi karibu naye.

"Baba Shamimu, nitukane. Ni afadhali unitukane."

Alikanyaga kidogo, akaacha.

"Mama ameniuliza kama alikosea kujifunga ushungi," alisema. "Anadhani walikasirika kwa sababu hakuwa nadhifu."



*

Ariane na Manzi walirudi wakati watu wanatoka kwenye sala ya Ijumaa. Walikuja na mfuko wa mchele, mafuta na sukari, wakaviweka mlangoni kama watu waliokuja msibani. Ariane alikuwa amevimba macho.

"Mama, mzee, lensi imepatikana," alisema kabla hajakaribishwa. "Ilikuwa kwa Profesa Mutsinzi. Ilianguka katikati ya mito ya kochi. Msichana wa kazi aliiona alipokuwa anafagia, Profesa akatuletea kwa dereva wake. Mbabarira, mama. Nisameheni."

"Profesa alisema nini?" Shakira aliuliza. Hakujua kwa nini alitaka kujua hilo kwanza.

"Alicheka tu. Alisema vijana wa siku hizi mnasahau hata vichwa vyenu."

Alicheka. Shakira alilirudia neno hilo moyoni, likakosa mahali pa kukaa. Ilyasi hakugeuka. Mbele ya cherehani sasa kulikuwa na suruali ya Nsabimana, naye alikuwa anaitia zipu.

Shakira aliwaambia wakae. Si kwamba amesamehe, ila hakuwa amefundishwa kumwacha mtu amesimama. Na walipoketi aliona kwamba msamaha haukuwa yote yaliyowaleta. Ariane alikuwa ameishika kompyuta yake mapajani kwa mikono miwili, na kila mara anaigusa.

"Kuna jambo lingine," alisema mwishowe. "Siku ile, kamera ilikuwa inawaka."

"Kamera gani?"

"Ile pale pembeni. Manzi aliiwasha tuliporudi kutoka barabarani, akaiacha. Na ya chumbani..." Alimtazama Manzi.

"Ya chumbani ni simu yangu," Manzi alisema, sauti imeshuka. "Niliitia mfuko wa shati, jicho lake nje, nikarekodi kama ushahidi. Kama ingepatikana."

Ariane tayari alikuwa ameifungua kompyuta.

Akajiona. Alijiona amepiga magoti anapapasa chini ya kabati, mwanamke mnene mwenye vumbi mkononi, anacheka cheka, anaita watu wanangu. Aliona vipande vya vitenge vikiruka. Akaona mgongo wa Nsabimana, mkono wa Manzi, godoro limesimama wima kama mlango. Akaiona miguu ya mama mkwe wake ikining'inia, na uso wake chini ya ule ushungi uliofungwa vizuri, ukitazama moja kwa moja, ukingoja kupigwa picha. Na walikuwa wamempiga.

"Sijawahi kuona kitu kama hiki," Ariane alisema, na Shakira aliposikia sauti yake ikitetemeka alijua kwamba hasemi uongo, na hilo lilimshtua zaidi. "Mama, filamu nzima ilikuwa maneno. Profesa anaongea, imamu anaongea. Lakini hii, mtu akiiona hii hatalala. Watu wataona kwa macho yao mnavyofanyiwa."

"Na nani?"

"Eh?"

"Tunavyofanyiwa na nani?"

"Na... na jamii, mama."

"Jamii ndiyo iliyoinua godoro?"

Manzi aliinamisha kichwa mpaka kidevu kikagusa kifua. Cherehani ya Ilyasi iliendelea kulia taratibu.

Shakira alivuta ile kompyuta mapajani mwake. "Irudishe mwanzo," alisema. Aliangalia tena yote, safari hii bila kujitazama mwenyewe. Alikuwa anatafuta kitu, na alipofika mwisho alikuwa amekijua.

"Wewe huonekani humu."

"Mimi nilikuwa nyuma ya kamera."

"Nakusikia tu. Hapa unasema hamtakasirika. Hapa unasema kuondoa wasiwasi. Lakini sura yako haimo." Alimrudishia kompyuta yake. "Unataka nikuruhusu kuonyesha hii?"

"Kama mama hutaki, naifuta sasa hivi. Naapa."

"Sikusema sitaki. Manzi, simamisha kamera yako. Na wewe, binti yangu, njoo ukae hapa."

Alimwonyesha kiti cha wateja. Ariane alicheka kidogo, kama anayedhani ni utani, kisha akaona kwamba si utani. Akahama. Manzi alifungua miguu mitatu ya kamera, akawasha.

Shakira alikuwa amekaa kwenye kiti hicho siku nzima wakati wanamhoji, kwa hiyo aliyajua maswali yanavyoulizwa: unaanza na mepesi.

"Asubuhi ile, kabla hamjafika kwetu, mlikuwa wapi?"

"Kibagabaga. Kwa Profesa Mutsinzi."

"Lensi mliitoa kwenye begi huko?"

"Tuliitoa. Tulimpiga picha nayo."

"Mlipoikosa hapa, mlimpigia simu?"

"Hapana."

"Simu ulikuwa nayo?"

"Nilikuwa nayo mkononi, mama."

"Namba yake?"

"Ninayo."

"Basi kwa nini hukumpigia?"

Nje mtu alipita na redio, sauti ikaja ikaenda. Ariane alikuwa ameyabana magoti yake pamoja, na Shakira, aliyedhani atafurahi kumwona hivyo, hakufurahi. Alijihisi kama ndiye sasa ametia mkono kwenye sanduku la mtu. Lakini hakusogea.

"Niliona aibu," Ariane alisema. "Mtu kama yule. Nimpigie nimwambie nini, kwamba kitu chetu kimepotea kwako? Angefikiri namshuku."

"Na sisi?"

"Manzi, zima kwanza," Ariane akasema, akiinua mkono mbele ya uso.

"Usizime."

Alikuwa Ilyasi. Hakuwa amegeuka, lakini cherehani ilikuwa imenyamaza. Manzi aliyekuwa ameshanyoosha kidole akakirudisha.

"Na sisi, mwanangu?" Shakira aliuliza tena, taratibu. "Kwetu hukuona aibu?"

Ariane alishusha mkono. Machozi yalikuwa yameshafika kidevuni na hakuyafuta. Alitazama kamera, akamtazama Shakira, kisha akautazama mgongo wa Ilyasi.

"Kwenu haikunijia," alisema. "Aibu. Nimejaribu kukumbuka, nimekaa nikajiuliza. Haikunijia hata kidogo."

Akaangua kilio. Kutoka chumba cha nyuma Bi Zamuda, ambaye masikio yake nayo yalikuwa yameanza kumtupa, aliita kwa nguvu.

"Ilyasi! Huyo mtoto analia nini? Amesema nini?"

Ilyasi aliinuka, akapita katikati yao bila kuwaangalia, akasimama kwenye mlango wa mama yake.

"Amesema kweli, mama," alijibu kwa sauti kubwa, ili asikie.

Kisha akaingia ndani, akaanza kumfungua ule ushungi ambao tangu siku ile Bi Zamuda alikuwa amekataa kuuvua.